Mnyoo wa Chupa ya Tisa

Nilipewa penseli nikaidharau. Nalisema hilo mapema ili msomaji asije akanihurumia kabla hajanijua. Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na sita, nina mke, na mwandiko wangu ulikuwa na jina pale Chumbageni. Watu wazima walikuja kunibembeleza niwaandikie barua za posa. Mtu kama huyo kupewa penseli, tena fupi, imetafunwa nyuma, niliona nimerudishwa darasa la kwanza.

Aliyenipa alikuwa Mzungu tuliyemwita Daktari, ingawa sikupata kumwona akifunga hata kidonda. Alikuja Tanga mwanzoni mwa miaka ya hamsini kutafuta minyoo. Si minyoo ya watu. Alitaka tegu wanaoishi matumboni mwa papa na taa, wale samaki bapa, awape majina, kwa kuwa wengi wao, alisema, hawajapata kuitwa kitu chochote tangu dunia iumbwe. Barazani kwetu walicheka mpaka kahawa ikawapalia. "Karani wa minyoo," wakaniita, na jina likanata. Nilijifanya sijali. Nilijali sana.

Kazi yenyewe tuliifanyia Kigombe, uani kwa shangazi yangu, dada yake baba. Shangazi alikuwa mpasuaji. Papa na taa walioshuka pale pwani walipita mikononi mwake: anapasua, anatia chumvi, anaanika, na ini analiweka kando kwa ajili ya sifa, yale mafuta ya kupaka vyombo vya baharini. Utumbo kwake ulikuwa haki ya kunguru. Daktari ndiye mtu wa kwanza kumwomba utumbo, na aliuomba kwa adabu, kofia mkononi, hata shangazi akaona haya kumnyima.

Ilibidi kwenda mbio. Tegu wa taa hamngojei mtu. Samaki akishakufa, saa chache tu na yeye hulegea, akakatikakatika, ukabaki ute. Basi samaki akifika, shangazi humgeuza tumbo juu, hupitisha kisu, hunipa utumbo kwenye beseni la maji ya bahari, na Daktari huupasua kwa mkasi. Utumbo wa taa si bomba tupu kama wa kuku. Ndani yake mna kitu kama ngazi ya kuzunguka, mkunjo juu ya mkunjo, na katika mikunjo hiyo ndimo walimokaa, weupe, wembamba kama nyuzi za kushonea kofia, kila mmoja amejishikiza kwa kichwa kidogo kuliko punje ya ufuta. Chini ya hadubini kichwa hicho kilikuwa na vijani vinne, kama majani madogo, na kila kimoja kina kulabu zake. Mara ya kwanza kukiona nilisahau uvundo wote. Nilisema Subhanallah kwa sauti, na Daktari akacheka kwa furaha.

"Kila samaki na tegu wake," aliniambia. "Aliyemo kwa nyenga humkuti kwa pungu. Ukimkosea samaki, umemkosea na mnyoo."

Nyenga na pungu wote ni taa. Nyenga ni mpana, rangi ya mchanga, hulala chini ya maji akajifukia. Pungu ana madoa meupe mgongoni na pua iliyochongoka. Wakiwa wazima hata mtoto hawachanganyi. Matumbo yao yakishakuwa kwenye beseni ni mamoja.

Siku ambazo vyombo havikutoka, Daktari alinieleza habari za majina. Kila mnyama, alisema, hupewa majina mawili, la ukoo na lake mwenyewe, kwa Kilatini, lugha ambayo wenyewe wamekwisha kufa, ndiyo maana hakuna wa kuigombania. Jina la kwanza kuchapwa ndilo linalosimama. Hata kama ni la uongo? Hata kama ni la uongo. Akanisimulia habari za ndege mmoja wa visiwa vya mbali, mwenye manyoya ya ajabu, ambaye jina lake maana yake ni asiye na miguu. Miguu anayo. Ila ngozi zake zilizofika Ulaya zilikuwa zimekatwa miguu na wawindaji, na aliyempa jina hakumuuliza mtu. Ndege yule anaitwa hivyo hadi leo, na anatua mitini kwa miguu yake miwili.

Nilicheka sana kwa habari ya ndege yule. Nimekumbuka kicheko kile mara nyingi kuliko ambavyo ningependa.

Kazi yangu mimi ilikuwa vikaratasi. Minyoo wakishatulizwa kwa dawa, hutiwa kwenye chupa yenye spiriti, na ndani ya chupa, pamoja nao, hutumbukizwa kikaratasi chenye siku, mahali na jina la samaki. Nje ya chupa hapakuandikwa kitu, maana maandishi ya nje hufutika kwa mikono. "Penseli tu," alisema Daktari siku ya kwanza. Hakusema kwa nini, nami sikuuliza. Kuuliza ningeonekana sijui.

Baba yangu alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani pale Chumbageni, na wino alioutumia aliupika mwenyewe: masizi ya taa ya mafuta, gundi ya Kiarabu, na vitu vingine viwili alivyovificha hata kwetu. Vyuo, yaani vitabu, alivyonakili babu kwa wino huo vilikuwa bado vyeusi ti. Niliwaza hivi: vikaratasi hivi vinakwenda Ulaya, vitasomwa na watu nisiowajua, na penseli ni kitu cha kufutwa kwa kidole. Nikaomba kichupa cha wino kwa baba. Wala msidhani nilikuwa mpumbavu wa kupindukia. Nilijaribu kwanza. Nilichovya kipande cha karatasi katika spiriti ya debeni, nikakiacha siku mbili, na wino ukakaa pale pale kama umepigwa msumari. Basi nikaandika kwa wino vikaratasi vyote, herufi za Kizungu juu, za Kiarabu chini kwa urembo, na Daktari, ambaye macho yake yalikuwa kwenye minyoo, hakuona tofauti.

Nisichokijua ni kwamba spiriti ya chupani haikuwa ile ya debeni. Kila alfajiri, mimi nikiwa msikitini, Daktari aliipima na kuichanganya na maji yaliyochemshwa, maana kali ikiwa peke yake hukausha minyoo. Na wino wa masizi na gundi, ukikutana na maji, huachia. Mimi, mtoto wa mtu aliyewaandikia wagonjwa kombe sahanini, likaoshwa kwa maji wakanywa, katika watu wote wa Tanga mimi ndiye niliyepaswa kujua kwamba wino na maji havikai nyumba moja.

Tulikuwa na chupa kumi na mbili, zimepangwa kwenye sanduku la matundu, kila chupa na tundu lake, kwa mpangilio wa siku. Daktari akapanda kwenda milimani Usambara kwa rafiki yake, siku tano, akaniachia ufunguo. Siku ya pili yake wakaja Kigombe rafiki zangu wa barazani, wamealikwa harusi, wakapita kunitania. "Tuonyeshe hao watoto wako, karani." Nami nilikuwa nimengoja nafasi hiyo miezi. Nikachomoa chupa mbili, ya nane na ya tisa, nilizoziona zinapendeza, nikawapa. Zikapita mkono kwa mkono, wakizinyanyua dirishani, wakiguna.

"Mbona karatasi haina kitu?" akauliza mmoja.

Nilidhani ananitania. Nikaichukua chupa. Minyoo walikuwa wametulia chini, na kando yao kikaratasi cheupe, safi, kama kilichotoka dukani leo. Spiriti imekuwa ya kijivu, kama maji ya kwanza ya kuoshea sufuria ya kuni. Chupa ya pili vile vile. Niliwaambia kwamba ndivyo inavyotakiwa, kwamba ni siri ya kazi, wakaridhika, wakaenda zao kula pilau. Nikafunga mlango na kutazama zile kumi zilizobaki sandukuni. Nyeupe. Karatasi zote nyeupe.

Zile kumi hazikunitisha muda mrefu. Zilikuwa kwenye matundu yake, na daftari la Daktari lilitaja tundu gani siku gani samaki gani. Lakini mezani palikuwa na chupa mbili na sandukuni matundu mawili, na sikujua ipi ilitoka wapi. Daftari lilisema ya nane ni ya pungu na ya tisa ni ya nyenga, wamepasuliwa siku moja, na Daktari alikuwa bado hajawatazama minyoo wao kwa hadubini. Kwa macho ya mtu ni nyuzi nyeupe na nyuzi nyeupe. Nilizitazama mpaka macho yakaniwasha.

Nikaenda kwa shangazi, uani, amechuchumaa kwenye chumvi yake.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba mwanangu. Mbona umepauka hivyo? Umefiwa weye?"

Nikamweleza. Kisha akanawa mikono, akaja chumbani, akazinyanyua zile chupa moja moja kwenye mwanga. Mwanamke huyu alikuwa akijua umri wa papa kwa kunusa. Nilimtazama usoni kama mshitakiwa anavyomtazama hakimu.

"N'lipasua wote wawili kwa mkupuo mmoja," akasema. "Pungu alikuwa na ini dogo, nyenga alikuwa na mimba. Hilo nalijua. Haya ya chupani siyajui."

"Hebu jaribu, shangazi."

"Sikwambii uongo ukafurahi. Andika sijui."

"Sijui haiandikwi, shangazi. Pale panaandikwa samaki."

"Basi mwambie mwenyewe akirudi. Mficha maradhi, kifo humuumbua."

Alirudi kwenye chumvi yake. Siku tatu zilizobaki sikufanya kazi nyingine. Nilikuwa nikifikiria nitakavyomwambia Daktari, kila nikijipangia maneno yanaishia kwenye swali lile lile: kwa nini hukutumia penseli? Na jibu la swali hilo nisingeweza kulitamka mbele ya mtu. Kwa sababu niliona si hadhi yangu. Kwa sababu nilitaka Ulaya waone mwandiko wangu. Ningekufa kwa aibu kabla sijamaliza sentensi. Mwisho nikaichukua ile penseli iliyotafunwa, nikaandika vikaratasi vipya kumi na viwili, nikavitumbukiza badala ya vile vyeupe. Zile chupa mbili nilizishika moja kila mkono. Ya mkono wa kulia nikaiita pungu. Ya kushoto nikaiita nyenga, nikairudisha kwenye tundu la tisa.

Daktari aliporudi, kitu cha kwanza alichokiona ni spiriti.

"Imechafuka. Kwa nini?"

"Labda utumbo, Daktari. Labda haukuoshwa vizuri."

Nilimsingizia shangazi yangu, mwanamke aliyeosha beseni lake mara tatu. Yeye alikuwa hatua tano kutoka pale, amesikia, na hakugeuza kichwa. Daktari akabadilisha spiriti. Akanyanyua chupa ya tisa, akasoma kikaratasi, akasema, "Vizuri, penseli."

Mwezi uliofuata aliondoka na sanduku lake kwa meli. Husemwa njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilipanda meli bandarini Tanga ikaenda Ulaya, nami nilibaki nikiisubiri irudi. Nilipata kazi nyingine ya ukarani, mke wangu akajifungua, mambo yalikuwa mazuri, na kila mtu wa posta alipopita Chumbageni nilijificha nyuma ya mlango. Nilijifariji kwamba huenda minyoo wa chupa ya tisa si wa ajabu, huenda wana jina lao tangu zamani na hakuna atakayewashughulikia. Mara nyingine nilijifariji kwamba huenda nilipatia. Chupa mbili, mikono miwili. Nusu kwa nusu. Hilo ndilo lililonitesa kuliko yote. Mwongo wa kawaida anajua amesema uongo, analala. Mimi sikujua hata kama nimesema uongo.

Mwaka ulipita na zaidi. Kikaja kitabu chembamba, bahasha ya stempu za Kizungu. Nilikifungua nimesimama mlangoni. Ukurasa wa nne ulikuwa na picha iliyochorwa kwa kalamu, kichwa chenye vijani vinne na kulabu zake, na juu yake majina mawili. La kwanza ni la ukoo. La pili limetokana na jina la Kilatini la nyenga, maana yake wa nyenga. Chini imeandikwa Kigombe. Alikuwa mnyoo mpya, wa chupa ya tisa, hajapata kuitwa kitu tangu dunia iumbwe, na sasa ameitwa kwa mkono wangu wa kushoto. Mwisho wa kitabu Daktari alimshukuru karani wake wa Tanga kwa uangalifu.

Neno hilo, uangalifu, nililitafuta kwenye kamusi mara mbili nikitumaini lina maana nyingine.

Baba alifurahi kupita kiasi. Alikiweka kitabu kwenye rafu pamoja na vyuo vya babu, akawaita watu wa barazani waje waone. Wale wale walioniita karani wa minyoo walikishika kwa ncha za vidole. Walipoondoka baba akanikalisha.

"Hili jina maana yake nini?"

"Wa nyenga, baba."

"Na kweli ni wa nyenga?"

Aliuliza tu kama mtu anavyouliza, hakuwa na shaka yoyote. Nikafungua mdomo kusema ndiyo, na ndiyo haikutoka. Nikamwambia yote, kuanzia penseli hadi mikono miwili. Nililia, wala sioni haya kusema.

Jambo la kwanza lililomkasirisha ni wino. "Wino wangu umeandika vyuo vya miaka mingapi! Nani alikutuma kuutia majini?" Alisema hayo kwa muda mrefu, na nikamwacha, maana ilikuwa haki yake. Kisha akasimama, akatoa chuo kimoja alichonakili ujanani, akanifungulia. Katikati ya ukurasa palikuwa na neno lenye alama ndogo juu yake, na pembeni, kwenye nafasi nyeupe, neno lingine kwa mwandiko ule ule. Alikuwa amekosea. Hakukwangua. Ndivyo wanakili wote walivyofanya. Nilikuwa nimeona alama kama zile maisha yangu yote nikidhani ni urembo.

"Mwandikie," akasema.

Nilimwandikia Daktari barua ya kurasa tatu kisha nikaichana, nikaandika ya nusu ukurasa. Nilimwambia habari ya wino, chupa mbili, na kwamba utumbo ulioshwa vizuri, shangazi yangu hana kosa. Hilo la shangazi nililiandika kwanza. Kisha nikaanza tena kusubiri mtu wa posta, na safari hii nilikuwa nikiogopa asije kama nilivyokuwa nikiogopa aje.

Jibu lilikuja baada ya miezi minne, kwa Kiswahili chake cha kunyooka. Hakunitukana. Ningeona nafuu angenitukana. Alisema amesikitika. Alisema jina halibadiliki, limechapwa, na sheria ni sheria. Akaniuliza kama namkumbuka ndege asiye na miguu. Alisema labda siku moja mtu atapasua nyenga mwingine Kigombe, au pungu, na kumkuta mnyoo yule, na hapo ukweli utajulikana. Lakini chupa ipo, alisema, kabatini, na kikaratasi changu kimo ndani. Hatakitoa. Ataweka kingine kando yake. Ndani ya bahasha alikuwa ametia kikaratasi kitupu, kimekatwa kwa kipimo cha chupa. "Andika unachokijua," alimaliza.

Nilipanda baiskeli hadi Kigombe. Shangazi alikuwa uani, na hatukuwa tumezungumza vizuri tangu siku ile ya spiriti. Nilimwamkia, nikapiga magoti, nikamwomba radhi. Akasema nimenenepa, akaniambia nisogeze beseni. Nikampasulia taa wawili siku ile, nyenga wote, nikawapekua mkunjo kwa mkunjo. Walikuwemo tegu, lakini vichwa vyao sikuweza kuvijua bila hadubini, na hadubini ilikwisha kwenda Ulaya.

Nikamwomba anipe mahali pa kuandikia. Akanifutia kibao cha kupasulia samaki kwa upande wa kanga yake. Nilitoa penseli mfukoni. Niliandika neno moja kwa herufi za Kizungu, na chini yake neno lile lile kwa herufi za Kiarabu, bila urembo: sijui. Kisha nikakitumbukiza kile kikaratasi kwenye kikombe cha maji, nikakifunika kwa kawa, nikalala kwa shangazi. Asubuhi neno lilikuwepo. Nikakianika juani kando ya papa wake, na kilipokauka nikaenda nacho posta.